Mrithi Asiyeitwa Mahakamani

Mtaa wa Khari Baoli, upande wa magharibi wa Chandni Chowk katika Delhi ya zamani, ni soko la viungo. Magunia ya pilipili kavu, manjano na iliki yamepangwa hadi barazani, wachukuzi wanapishana na mikokoteni, na ndani kabisa, nyuma ya mizani, ameketi mtu ambaye mara nyingi duka si lake. Ni mpangaji, mtoto wa mpangaji, pengine mjukuu wa mpangaji. Wapo katika mitaa hiyo wanaolipa kodi ya rupia mia chache kwa mwezi, kiasi kilichokubaliwa na watu waliokwisha kufa pande zote mbili. Ukivuka barabara ukauliza kodi ya duka jipya la ukubwa uleule, utatajiwa makumi ya maelfu.

Pengo hilo limetokana na sheria. Sheria ya Udhibiti wa Kodi ya Delhi ya mwaka 1958 ilimzuia mwenye nyumba kupandisha kodi apendavyo, na ikamzuia kumtoa mpangaji ila kwa sababu zilizoorodheshwa katika kifungu cha 14: kutolipa kodi, kumpangisha mtu mwingine bila ruhusa, kubadili matumizi, na nyinginezo. Mwaka 1988 Bunge liliziondoa katika kinga hiyo nyumba na maduka yenye kodi inayozidi rupia 3,500 kwa mwezi. Waliokuwa chini ya kiwango hicho walibaki na kinga yao, na wengi wapo mpaka leo. Mwaka 1995 Bunge lilipitisha sheria mpya ya kodi kwa Delhi, wafanyabiashara wakaipinga kwa nguvu, na serikali haikuitangaza ianze kutumika. Kwa hiyo sheria ya 1958 ndiyo inayoendelea.

Upangaji wa namna hii ni mali. Hauandikwi katika hati ya kiwanja na benki haiukubali kuwa dhamana, lakini familia nzima inakula kutokana nao, na mtu wa kuuchukua hutoa fedha nyingi chini ya meza, kile ambacho Delhi na Mumbai hukiita pagdi na Kariakoo hukiita kilemba. Na mali yoyote yenye thamani, siku mwenye nayo anapokufa, huleta maswali mawili. Nani anairithi? Na mtu akija kuidai mahakamani, ni nani mwenye haki ya kusimama kuitetea? Swali la kwanza limejibiwa kwa uwazi. La pili ndilo linalowatoa watu dukani bila wao kujua kwamba kesi ilikuwapo, na ndilo litakalotuchukua muda mrefu zaidi katika sura hii.

Tuanze na la kwanza. Kwa nyumba za kuishi, marekebisho ya mwaka 1976 yaliweka mipaka. Mkataba wa mpangaji ukiwa umeshavunjwa kwa notisi naye akafa akiwa bado ndani chini ya kinga ya sheria, haki ya kubaki inakwenda kwa mwenzi wake wa ndoa, au watoto, au wazazi, au mjane wa mwana aliyetangulia kufa, kwa mpangilio huo, na sharti awe alikuwa akiishi humo na marehemu. Kama hakuwa akimtegemea marehemu kwa riziki, haki yake inadumu mwaka mmoja tu. Kuhusu maduka, marekebisho yale hayakusema neno. Wenye maduka wakalishika pengo hilo: kama sheria imetaja nyumba peke yake, basi kinga ya duka inakufa pamoja na mpangaji, na mjane na watoto hawana cha kurithi.

Hoja hiyo ilifika mbele ya jopo la majaji watano wa Mahakama ya Juu ya India katika kesi ya Gian Devi Anand dhidi ya Jeevan Kumar, iliyoamuliwa mwaka 1985. Aliyekuwa akipigania duka alikuwa mjane wa mpangaji. Majaji waliigeuza hoja ya ukimya juu chini. Upangaji wenye kinga, walisema, ni haki inayorithika kama mali nyingine, na Bunge ndilo lenye uwezo wa kuupunguza urithi huo. Kwa nyumba lilipunguza. Kwa maduka halikugusa kitu, kwa hiyo warithi wa mpangaji wa duka wanarithi bila masharti yale ya kuishi pamoja wala kutegemea. Walitazama pia maisha yenyewe: duka lina wateja, wadeni na wafanyakazi, na familia iliyokuwa ikila kutoka dukani haiachi kuona njaa kwa sababu baba amezikwa. Lakini walikiri kwamba mwenye jengo naye anaumia, wakaliomba Bunge liangalie upya hali ya wamiliki wanaopokea kodi ya zamani kutoka kwa wafanyabiashara wenye uwezo. Ombi hilo nalitaja kwa sababu lilikuwa la haki, na kwa sababu mahakama yenyewe baadaye ilianza kuegemea upande wa wamiliki.

Sasa tuingie katika swali la pili, na tuchukue familia ya Kihindu ya kufikirika ili mambo yaonekane. Tuseme mzee mmoja alipanga duka la vyombo Sadar Bazar, hapohapo Delhi, mwaka 1965, akafariki mwaka 2005 bila wosia. Ameacha mjane, wana wawili na binti aliyeolewa Jaipur. Kwa Sheria ya Mirathi ya Wahindu ya mwaka 1956, mjane, wana na mabinti ni warithi wa daraja la kwanza, na kila mmoja anapata fungu sawa, binti akiwa ameolewa au hajaolewa. Kwa hiyo tangu siku ya mazishi, upangaji ule ni wa watu wanne. Lakini dukani anakaa mwana mkubwa peke yake. Yeye ndiye anayepeleka kodi na kuchukua risiti. Leseni ya manispaa ameibadilisha ikawa kwa jina lake. Mdogo wake ameajiriwa mji mwingine, mama yuko nyumbani, dada huja wakati wa sikukuu. Miaka saba baadaye mwenye jengo anafungua shauri la kumtoa mpangaji, na katika nafasi ya mjibu maombi anaandika jina moja: la mwana mkubwa.

Shauri lenyewe laweza kwenda kasi ya kutisha. Kabla ya mwaka 2008, mwenye jengo la biashara hakuweza kudai duka lake kwa sababu tu analihitaji kwa matumizi yake mwenyewe. Sababu hiyo ilikuwa ya nyumba za kuishi. Mwaka huo, katika kesi ya Satyawati Sharma, Mahakama ya Juu ilisema ubaguzi huo hauna msingi tena, na mlango ukafunguliwa. Madai ya aina hiyo yanasikilizwa kwa utaratibu wa mkato wa kifungu cha 25B. Mpangaji hana haki ya kujitetea moja kwa moja. Anapewa siku 15 tangu apokee wito aombe ruhusa ya kujitetea, kwa kiapo kinachoonyesha kwamba ana hoja. Siku hizo hazina nyongeza, na Mahakama ya Juu imekwisha kuwaambia hivyo waliojaribu kuomba huruma. Asiyeomba ndani yake anachukuliwa kuwa amekubali, na amri ya kumtoa inatolewa. Mwana mkubwa akilala siku 15, au akiwa amekwisha kupewa bahasha na mwenye jengo ili alale, mama, mdogo wake na dada wa Jaipur watapata habari siku kufuli linapovunjwa.

Je, amri hiyo inawafunga wale watatu ambao hawakuitwa?

Mtu yeyote aliyelelewa katika wazo kwamba hakuna kuhukumiwa bila kusikilizwa atajibu haraka kwamba haiwafungi. Mwaka 1985 Mahakama ya Juu yenyewe ilielekea huko katika shauri lililotoka Aligarh, ikiwaona warithi kuwa kila mmoja ana fungu lake katika upangaji, kwa hiyo kila mmoja ni mpangaji wa kuhesabiwa. Lakini mwaka 1989 ikaja kesi ya H. C. Pandey dhidi ya G. C. Paul. Mpangaji alikuwa amekufa, mwanawe akawa ndiye anayelipa kodi kwa niaba ya wote, na notisi ya kuvunja upangaji ilipelekwa kwake peke yake. Mahakama ilisema upangaji haukuvunjika vipande kwa kifo cha mzee. Ulikuwa mmoja, umebaki mmoja, na warithi wameuingia kwa pamoja. Notisi kwa aliyekuwa akiwawakilisha wenzake ilikuwa notisi kwa wote. Mwaka 1995, katika kesi ya Harish Tandon iliyotoka jimbo la Uttar Pradesh, majaji watatu waliithibitisha njia hiyo na kuikataa ile ya Aligarh. Uamuzi huo una makali zaidi, kwani sheria ya jimbo lile wakati huo ilisema mpangaji wa jengo la biashara akiingiza mshirika asiye wa familia anahesabiwa kuwa ameacha kulikalia. Mrithi mmoja alipofanya hivyo, kosa lake likawaangusha warithi wenzake wote.

Na mwaka 2018, katika kesi ya Suresh Kumar Kohli dhidi ya Rakesh Jain, hoja ilifika mwisho wake. Duka lilikuwa Delhi. Mwenye jengo alikuwa ameshapata amri ya kuwatoa wapangaji. Warithi wa mpangaji mmojawapo aliyefariki, ambao majina yao hayakuwa kwenye shauri, wakajitokeza wakati wa utekelezaji wakisema hawakuwahi kuitwa. Mahakama Kuu ya Delhi iliwasikia. Mahakama ya Juu ikautengua uamuzi huo: warithi ni wapangaji wa pamoja, na mwenye jengo halazimiki kuwatafuta na kuwashtaki wote. Amri dhidi ya mmoja inawafunga wengine.

Naelewa kwa nini mahakama ilifika hapo. Mwenye jengo anayepokea kodi kutoka kwa mtu mmoja kwa miaka ishirini hawezi kutakiwa azunguke India nzima akitafuta wajukuu kumi na watano, na kila akimkosa mmoja kesi ianze upya. Watu wameitumia sana mbinu hiyo: kesi inaisha, rufaa zinaisha, halafu anatokea shangazi kutoka kijijini na pingamizi jipya mkononi. Lakini kanuni iliyotungwa kumzuia shangazi wa kupangwa inamkata pia dada wa kweli. Katika familia nyingi anayekaa dukani ni mwanamume, na anayeachwa nje ya karatasi ni mjane na binti. Sheria ya mirathi ilipigania binti apate fungu sawa na kaka yake. Kanuni ya upangaji wa pamoja inamkabidhi kaka yuleyule uwezo wa kulipoteza fungu hilo kwa kunyamaza tu. Haki ya aina hiyo naiona pungufu.

Mahakama haikuufunga mlango wote. Mwaka 1990, katika kesi ya Chama cha Nguo cha India dhidi ya Balmohan Gopal Kurup, mwenye jengo la Bombay alikuwa ameendesha shauri dhidi ya baadhi ya warithi tu, hukumu ikatolewa bila wao kujitetea, na ndugu aliyeachwa nje alipokuja kulalamika alipewa nafasi ya kusikilizwa. Maamuzi ya baadaye yameibana nafasi hiyo, lakini wazo lililo ndani yake halijafa: anayewakilisha wenzake lazima awe amewakilisha kweli. Aliyekula njama na mwenye jengo, au aliyeacha kesi ijiendee mpaka hukumu, hakumwakilisha mtu. Mrithi anayetaka kuitegemea hoja hii ajue mzigo wa kuthibitisha njama ni wake, na njama haithibitishwi kwa kusema kaka yangu ni mtu mbaya.

Kwa hiyo ulinzi wa kweli uko mapema, kesi ikiwa bado hai. Njia yake ni kanuni ya 10 ya Amri ya Kwanza katika Sheria ya Mwenendo wa Madai ya mwaka 1908. Kanuni hiyo inaipa mahakama uwezo, katika hatua yoyote ya shauri, wa kumwingiza mtu ambaye alipaswa kuwa ndani tangu mwanzo, au ambaye kuwapo kwake kunahitajika ili mgogoro uamuliwe wote na kumalizika. Wanasheria huwagawa watu hao katika makundi mawili: yule ambaye bila yeye hukumu haiwezi kusimama, na yule ambaye bila yeye hukumu inasimama lakini si kamili. Baada ya maamuzi niliyoyaeleza, mrithi mwenza wa duka hayumo tena katika kundi la kwanza. Yumo katika la pili. Maana yake ni kwamba hawezi kuidai nafasi yake kana kwamba amedhulumiwa kwa kukosekana jina. Anaiomba, na hakimu anapima.

Mwenye jengo karibu kila mara atapinga. Atasema yeye ndiye aliyefungua kesi na ndiye anayechagua wa kumshtaki. Atasema mwombaji hajawahi kulipa kodi hata mwezi mmoja. Atasema maombi ni mbinu ya kuchelewesha. Hoja hii ya tatu ndiyo inayowashinda wengi, kwa sababu mara nyingi ni kweli. Mrithi aliyejua habari za kesi miaka mitatu na akaomba kuingia wiki moja kabla ya hukumu hatasikilizwa kwa masikio yaleyale kama aliyekuja mwezi wa kwanza. Cha kumsaidia ni ushahidi kwamba ana uhusiano na duka: stakabadhi ya kodi yenye maneno ya warithi wa marehemu, hesabu za biashara zinazoonyesha fungu lake, barua aliyomwandikia mwenye jengo baada ya msiba na hakuijibu. Na kikubwa kuliko vyote, aonyeshe hoja ambayo aliyeko ndani hakuitoa.

Hapa ndipo maombi mengi yanapokuwa mepesi mno. Mwombaji anaandika kurasa sita kuthibitisha kwamba ni mtoto wa marehemu, jambo ambalo hakuna anayelibisha, na haandiki mstari mmoja kueleza atasema nini akiruhusiwa kuingia. Katika madai ya uhitaji wa mwenyewe, kwa mfano, sheria inamtaka mwenye jengo aonyeshe kwamba hana nafasi nyingine inayomfaa. Kama dada wa Jaipur anajua, na anaweza kuonyesha, kwamba mwenye jengo ana maduka mengine mawili mtaa huohuo yamefungwa, na kaka yake hakulisema hilo katika kiapo chake, sasa hakimu ana sababu ya kumsikiliza. Hataombwa tu kuheshimu ukoo. Ataona kwamba bila mwombaji huyu ataamua bila kujua ukweli wote.

Akiruhusiwa kuingia, mrithi asitarajie kesi ianze upya. Anapanda katika kituo ilipofika. Hatapewa notisi yake ya pekee ya kuvunja upangaji, wala hawezi kumwambia mwenye jengo amwachie robo ya duka kwa kuwa fungu lake ni robo. Ugomvi wa mafungu ni wa familia na una mahakama yake.

Mambo hubadilika kabisa mpangaji anapofariki kesi ikiwa inaendelea. Hapo hatuko tena katika kanuni ya kuomba kuingia. Tuko katika Amri ya 22. Aliyekufa hawezi kuhukumiwa, kwa hiyo mzigo unarudi kwa mwenye jengo: katika madai ya kawaida, ndani ya siku 90 aiombe mahakama iwaweke warithi wa kisheria mahali pa marehemu. Asipofanya, shauri dhidi ya marehemu linakufa lenyewe, naye ana siku 60 nyingine za kuomba lifufuliwe kwa kueleza sababu. Tangu marekebisho ya mwaka 1976, wakili wa marehemu ana wajibu wa kuiarifu mahakama kwamba mteja wake amekufa, ili familia isifiche msiba ikingoja siku ziishe. Mrithi katika hali hii ana nguvu zaidi, kwa kuwa hata akiachwa anaweza kwenda mwenyewe kuonyesha kwamba ni mwakilishi wa marehemu. Lakini usingizi si salama hata hapa. Mahakama ya Juu ilisema tangu miaka ya 1960, katika kesi ya Daya Ram dhidi ya Shyam Sundari, kwamba mdai akitafuta kwa bidii na nia njema, akawaleta warithi aliowapata, hao wanaiwakilisha mali yote ya marehemu, na waliokosekana wanafungwa na matokeo isipokuwa kuna hila.

Baada ya hukumu hubaki dirisha moja dogo, lile la utekelezaji chini ya Amri ya 21. Aliyetolewa dukani kwa amri ambayo anasema haimhusu ana siku 30 tangu siku ya kutolewa kuomba arudishwe. Warithi wa kesi ya mwaka 2018 walijaribu hatua hii ya utekelezaji, na tumeona walivyorudishwa.

Msomaji wa Mombasa au Mwanza ataona ajabu jinsi namba hizi zinavyofanana na za kwao. Si bahati. Waingereza walipotawala Afrika Mashariki walileta sheria za India zikiwa zimefungwa tayari. Kanuni za mwenendo wa madai za India zilitumika Tanganyika hadi Tanzania ilipotunga sheria yake mwaka 1966, ikizihifadhi namba zilezile: Amri ya Kwanza kanuni ya 10 kwa kuingia, Amri ya 22 kwa kifo cha mdaawa. Kenya, katika kanuni zake za mwaka 2010, ina Amri ya Kwanza kanuni ya 10 vilevile, na habari za kifo zimewekwa Amri ya 24. Siku za kuwaleta wawakilishi wa marehemu ni 90 Tanzania. Kenya ni mwaka mmoja. Hata sheria ya India ya kuhamisha mali ya mwaka 1882 iliendelea kutumika Kenya hadi sheria mpya za ardhi za mwaka 2012 zilipoifuta.

Kwa duka la Kenya kuna pia Sura ya 301, sheria ya mwaka 1965 inayowalinda wapangaji wa maduka, hoteli na migahawa. Upangaji usioandikwa, au ulioandikwa kwa muda usiozidi miaka mitano, unahesabiwa kuwa wa kinga. Mwenye jengo hawezi kuuvunja ila kwa notisi ya fomu maalumu isiyopungua miezi miwili, yenye sababu zilizotajwa na sheria, na mpangaji anayepinga anapaswa kufika mbele ya Baraza la Kodi za Majengo ya Biashara kabla tarehe ya notisi haijafika. Asipofika, notisi inafanya kazi. Sheria inamtaja mpangaji kuwa ni yule mwenye haki ya upangaji kwa wakati huo, awe yumo dukani au hayumo, maneno mapana yanayomwachia nafasi anayeshika mali ya marehemu.

Ila kuna tofauti moja kubwa na Delhi, na inaumiza watu kila mwezi. India, Mhindu au Mwislamu aliyerithi bila wosia anaweza kusimama mahakamani kwa urithi wake bila kwanza kutafuta barua za usimamizi. Huku kwetu damu peke yake haitoshi. Mahakama za Kenya na za Tanzania zimeshikilia kwa muda mrefu kwamba anayetaka kudai au kutetea mali ya marehemu lazima awe msimamizi aliyeteuliwa. Kwa sheria ya mirathi ya Kenya, barua za usimamizi zinaanza kufanya kazi siku zinapotolewa. Hazirudi nyuma mpaka siku ya kifo. Mjane anayekwenda kupinga notisi akiwa na cheti cha ndoa, cheti cha kifo na barua ya chifu anaweza kuambiwa kwamba maombi yake hayana miguu. Na aliyeanza kukusanya au kugawa mali ya marehemu bila barua anaweza kukutwa na kosa la jinai chini ya kifungu cha 45.

Dawa ipo na wengi hawaijui. Mahakama ya Kenya inaweza kutoa hati ya usimamizi yenye mipaka, kwa ajili ya kesi tu au kwa ajili ya kulinda mali isipotee, kabla mirathi yenyewe haijasikilizwa. Hupatikana haraka kuliko hati kamili, na inatosha kumpeleka mtu barazani kabla ya miezi miwili kwisha. Tanzania, kwa mirathi ya kimila na ya Kiislamu, familia hukaa kikao, huandika muhtasari, na Mahakama ya Mwanzo humteua msimamizi na kumpa Fomu namba IV. Kikao hicho mara nyingi huahirishwa mpaka arobaini ipite, mpaka mjomba arudi safari, mpaka mambo ya shamba yakubaliwe kwanza. Duka la kupanga haliwezi kungoja hivyo, kwa kuwa notisi ya mwenye jengo haisimami kwa ajili ya msiba.

Mabunge yetu yangeweza kulipunguza tatizo hili kwa sentensi moja: mwenye jengo anayefungua shauri huku akijua kwamba mpangaji wake amefariki ataje majina ya warithi anaowafahamu, na abandike tangazo la shauri mlangoni mwa duka. Hatalazimika kuzunguka nchi akitafuta wajukuu. Atalazimika kusema anachokijua, na mrithi aliyepuuza tangazo hatakuwa na la kulalamika.

Mpaka siku hiyo, msomaji uliyefiwa na mzazi aliyepanga duka, mwandikie mwenye jengo barua mwezi huuhuu ukitaja majina na anwani za warithi wote, na ubaki na nakala yenye sahihi ya aliyeipokea. Kodi ilipwe kwa jina la warithi wa marehemu, iwe kwa risiti au kwa simu. Ombeni usimamizi mapema, wenye mipaka kama ule kamili unachelewa. Ukisikia tetesi za kesi, nenda masjala ukakague jalada. Usingoje wito ambao huenda haukuandikwa kwa jina lako. Na kama wewe ndiye ndugu unayekaa dukani na wito umeletwa mkononi mwako, wapigie simu wenzako leo, kabla hujamtafuta hata wakili.